Baridi Inasingiziwa

Juni ikiingia na mawingu yakatanda juu ya Nairobi, Makongeni, Mbotela na Kaloleni huwa chuo cha udaktari chenye somo moja: baridi huleta nimonia. Muuza sukumawiki analijua somo hilo, kondakta analijua, mwalimu wa chekechea analijua, na shangazi aliyeshuka basi la Kakamega jana jioni analijua kuwashinda wote. Mtoto akikohoa mara mbili, mama yake huulizwa kabla ya salamu: "Mbona huyu hana marvin, ile kofia ya sufu?" Mwendesha bodaboda wa Jogoo Road huvaa jaketi mbele nyuma ili upepo usimwingie kifuani. Jioni dirisha hufungwa, na tundu la hewa lililo juu yake huzibwa kwa gazeti au fulana kuukuu. Kisha jiko la makaa lililokwisha kuivisha maharagwe huingizwa ndani litoe baridi, mlango ukakomewa, watu wakalala.

Maoni yasiyo na madhara huwa nayaacha yapite. Haya yanaua, tena yanaua wale wale yanaodai kuwalinda.

Niwape haki yao kwanza, maana wanaosema hivi si wapumbavu. Wameona kwa macho yao kwamba foleni za watoto wanaokohoa hurefuka Juni, Julai na Agosti. Wameona mtoto akinyeshewa Jumatatu na kuwaka homa Jumatano. Wamesikia wauguzi wenyewe wakihimiza watoto wafunikwe. Kutokana na hayo wamejenga hoja inayoeleweka: baridi huingia mwilini kupitia kifua, nyayo na utosi, hushuka hadi kwenye mapafu, na ikikaa huko sana huwa nimonia. Kwa hiyo kinga ni nguo nzito na nyumba iliyozibwa. Sehemu ya hoja hiyo siigusi. Mtoto mchanga, hasa njiti, hupoteza joto upesi na joto lake likishuka ni hatari; apakatwe ngozi kwa ngozi kifuani mwa mamake, afunikwe. Mwenye pumu anaweza kubanwa akivuta hewa baridi na kavu. Ugomvi wangu ni na yaliyobaki, nayo ni mengi.

1. Njia ni moja

Tuanze na huyo wa bodaboda. Kati ya upepo wa Jogoo Road na mapafu yake kuna ngozi, mafuta, misuli, mbavu na utando unaoyafunika mapafu, na humo mnazunguka damu ya nyuzijoto 37 mchana kutwa. Upepo haupenyi hapo hata akiendesha kifua wazi. Hewa huyafikia mapafu kwa njia moja tu, ya puani au mdomoni kupitia koo la pumzi. Jaketi limekinga kila mahali isipokuwa njia hiyo, ambayo kwa bahati mbaya ndiyo inayomeza moshi wa matatu iliyo mbele yake. Yeye akishakohoa mwezi mzima atalaumu upepo.

Mapafu yenyewe hayana msuli wa kuvuta hewa. Chini yake kuna kiwambo, msuli mpana unaotenga kifua na tumbo. Kiwambo kikijikaza hushuka, misuli iliyo kati ya mbavu huziinua, kifua hupanuka, na shinikizo la hewa ndani hupungua kidogo mno kuliko la nje. Tofauti hiyo ndogo inatosha: hewa hujimimina ndani. Kiwambo kikilegea, mapafu hunywea na hewa hutoka. Aliyewahi kuutazama mvukuto wa mhunzi ameshaelewa nusu ya somo. Mtu mzima aliyetulia huvuta kama nusu lita kwa pumzi moja, mara 12 hadi 20 kwa dakika. Katika nusu lita hiyo, mililita 150 hivi huishia njiani, kwenye koo na mirija, bila kufika kule kwenye vifuko vidogo ambako oksijeni huingia damuni na kaboni dayoksaidi hutoka. Vifuko hivyo ni mamilioni kwa mamia. Vikitandazwa, eneo lake hukaribia meta 70 za mraba, zaidi ya mara saba ya chumba cha futi kumi kwa kumi ambamo familia nzima inalala.

Sasa ile hewa ya Julai inafikaje huko? Haifiki ikiwa baridi. Pua imejaa mishipa ya damu na utando wenye majimaji. Hewa hupashwa joto na kutiwa unyevu ikiwa safarini, na ikifika pale koo la pumzi linapogawanyika kwenda pafu la kulia na la kushoto huwa imekaribia joto la mwili. Usiku wa Julai Nairobi hushuka hadi nyuzi 10 au 11. Kama pua ya binadamu ingeshindwa na nyuzi 10, Finland isingekuwa na mtu wa kupiga kura. Huko watoto wachanga hulazwa nje mchana, ndani ya vigari vyao, theluji ikiwa imetanda, kwa sababu wazazi wanaamini watalala vizuri zaidi. Wamefunikwa vyema, ndiyo. Lakini pua ziko wazi.

2. Kilifi hakuna sweta

Nimonia ni mapafu yaliyovamiwa na vijidudu. Virusi au bakteria wamefika kwenye vile vifuko, navyo vimejaa usaha na majimaji mahali palipopaswa kuwa na hewa. Kama baridi ingekuwa ndiyo mzazi wa ugonjwa huu, Pwani wangekuwa salama salimini. Hawako. Watafiti wa KEMRI na Wellcome Trust wameifuatilia nimonia ya watoto Kilifi kwa miaka mingi, mahali ambapo watu hulala wakijipepea. Utafiti mkubwa uitwao PERCH, uliochapishwa mwaka 2019, uliwachunguza watoto waliolazwa kwa nimonia kali katika nchi saba. Kenya iliwakilishwa na Kilifi. Nyingine zilikuwa Mali, Gambia, Zambia, Afrika Kusini, Bangladesh na Thailand. Itazame orodha hiyo uniambie ni wapi pa kuuza marvin. Waliopatikana na hatia kubwa zaidi walikuwa virusi, wakiongozwa na kirusi kiitwacho RSV. Na RSV Kilifi kwa kawaida huanza kupanda kuelekea mwisho wa mwaka na kuendelea hadi miezi ya kwanza ya mwaka unaofuata, yaani wakati wa kaskazi, jua likichoma utosi.

Mwaka 2011 Kenya ilianza kuwachanja watoto dhidi ya nimokoko, bakteria mkuu wa nimonia. Kilifi, ugonjwa mkali unaoletwa na aina za nimokoko zilizomo kwenye chanjo ulipungua kwa asilimia 92 miongoni mwa watoto wa chini ya miaka mitano, na watoto waliolazwa kwa nimonia wakapungua kwa zaidi ya robo. Chanjo hiyo haikuongeza joto la Kilifi hata kwa nusu nyuzi. Haikumvisha mtoto yeyote soksi.

Waingereza, wanaoipenda hadithi hii ya baridi kama sisi, waliijaribu kwa vitendo. Kituo chao cha kuchunguza mafua kilifunguliwa Salisbury mwaka 1946. Watu wa kujitolea walioga maji ya moto, wakasimamishwa kwenye korido yenye upepo wakiwa wamelowa, kisha wakavishwa soksi mbichi. Waliopozwa bila kutiwa virusi hawakuugua. Miaka ya 1930, kule Spitsbergen, kaskazini kabisa mwa Norwei, ilionekana kwamba mafua hukatika katikati ya baridi kali meli zisipofika, na hurudi meli ya kwanza inapotia nanga. Kwa haki, kuna utafiti wa Cardiff wa mwaka 2005 ambamo waliotumbukiza miguu kwenye maji baridi walilalamikia zaidi dalili za mafua kuliko wenzao. Maelezo ya watafiti wenyewe ni kwamba huenda baridi iliwaamsha virusi waliokuwa wamejificha puani tayari. Hata hapo, bila kirusi hakuna ugonjwa.

Basi kwa nini Julai foleni hurefuka? Kwa sababu Julai tunajifungia pamoja.

3. Hesabu ya chumba

Chukua chumba cha futi kumi kwa kumi chenye dari ya futi nane. Kina hewa ya lita elfu ishirini na mbili na ushei, kabla hujaingiza kitanda na kabati. Watu wazima watano wakilala humo, kila mmoja akivuta lita saba kwa dakika, kwa saa tisa watakuwa wamevuta karibu lita elfu kumi na tisa. Maana yake ni kwamba, chumba kikizibwa barabara, kufikia alfajiri hewa inayokaribia ujazo wa chumba kizima itakuwa imeshapita kifuani mwa mtu. Inayoingia ina oksijeni asilimia 21. Inayotoka ina 16 hivi, na kaboni dayoksaidi iliyokuwa kidogo mno imepanda hadi asilimia 4. Hatufiki huko kwa sababu mafundi wetu ni wabaya na milango yao haizibiki sawasawa. Lakini kichwa kizito cha asubuhi tunakiita uchovu.

Tatizo kubwa ni kile kinachosafiri na hewa hiyo. Mtu mmoja mwenye kifua kikuu ambacho hakijatibiwa akikohoa, chembe ndogo huelea kwa saa nyingi. Mwishoni mwa miaka ya 1950 huko Baltimore, hewa ya wodi ya wagonjwa wa kifua kikuu ilielekezwa kwa mabomba hadi kwenye vizimba vya simbilisi juu ya jengo. Simbilisi hao hawakuguswa na mgonjwa, hawakula chakula chake. Waliambukizwa kwa hewa peke yake. Na huko Lima, Peru, utafiti wa mwaka 2007 ulipima nini hutokea wodi ikifunguliwa madirisha na milango: hewa yote ilibadilishwa kama mara 28 kwa saa, zaidi ya maradufu ya wodi zilizokuwa na mitambo. Zilizofanya vizuri zaidi zilikuwa hospitali za kizamani, zenye dari za juu na madirisha makubwa. Kinga hiyo haina bili ya stima. Sisi tunaiziba kwa gazeti.

4. Mgeni asiye na harufu

Hapa ndipo nadharia ya baridi inapokoma kuwa kosa na kuwa hatari. Mtu anaogopa hewa itokayo nje na kuikaribisha itokayo kwenye makaa. Moshi unaouona ndio nafuu, kwa maana utakutoa machozi na utafungua mlango. Makaa yaliyokwisha kuiva, mekundu, yasiyo na moshi, ambayo kila mtu husema sasa ni salama kuingizwa ndani, hutoa kaboni monoksaidi. Gesi hiyo haina rangi wala harufu, na huishika himoglobini ya damu kwa nguvu zaidi ya mara mia mbili kuliko oksijeni. Kiwambo kinaendelea kushuka na kupanda, kifua kinapanuka, mapafu yanajaa, na damu inatoka huko mikono mitupu.

Tena mwili hauna kengele ya jambo hili. Kinachotusukuma kuvuta pumzi ni kaboni dayoksaidi inapozidi damuni. Ubongo huipima hiyo, na ndiyo sababu ukizuia pumzi huwezi kuvumilia. Kaboni monoksaidi haigusi kipimo hicho. Mtu hahisi kukosa hewa. Anahisi usingizi. Kila msimu wa baridi redio hutangaza familia iliyokutwa imelala na jiko chumbani, na majirani hutikisa kichwa wakisema kulikuwa na baridi sana usiku ule.

Wasiokufa kwa usiku mmoja hulipa polepole. Mirija ya mapafu ina vijinywele vidogo sana vinavyosukuma kamasi na uchafu kuelekea juu, na ndani ya vifuko kuna chembechembe za ulinzi zinazomeza bakteria. Moshi huvilemaza vijinywele na kuzichosha hizo chembechembe. Shirika la Afya Duniani linasema moshi wa majumbani karibu unaongeza maradufu uwezekano wa mtoto kupata maambukizi ya mapafu, na kwamba mwaka 2020 uliua watu milioni 3.2 duniani, zaidi ya 237,000 kati yao wakiwa watoto wa chini ya miaka mitano. Sijui shirika linalohesabu waliouawa na kukosa marvin.

5. Sweta mbili na kifua kisichoonekana

Gharama nyingine haisemwi kabisa. Dalili zinazomtambulisha mtoto mwenye nimonia ziko kifuani, na hazihitaji mashine. Mtoto akiwa ametulia, hesabu pumzi zake kwa dakika nzima. Chini ya miezi miwili, 60 au zaidi ni nyingi mno. Kuanzia miezi miwili hadi kabla ya mwaka, 50. Kuanzia mwaka mmoja hadi kabla ya mitano, 40. Kisha tazama sehemu ya chini ya mbavu: mtoto anapovuta pumzi na pale pakabonyea ndani, kiwambo kinavuta kwa nguvu mapafu yaliyokataa kutanuka. Huyo hangoji kesho.

Nani ataona hayo kupitia fulana, sweta mbili, jaketi na leso iliyofungwa mara tatu? Mtoto anabebwa mgongoni akiwa furushi, anahema pumzi 60 kwa dakika, na mama anaambiwa vizuri sana, umemfunika. Akifika kwa muuguzi, kazi ya kwanza ni kumvua. Mara nyingi hafiki mapema, maana nadharia ya baridi ina tiba zake: mafuta ya kusugua kifua, chupa ya dawa ya kikohozi kutoka kemisti, na siku mbili za kungoja baridi itoke. Mwaka 2019 nimonia iliua watoto zaidi ya 740,000 duniani, asilimia 14 ya vifo vyote vya walio chini ya miaka mitano, wakati amoksilini, dawa ya mwanzo ya nimonia isiyo kali, ni ya bei ndogo.

6. Mshtakiwa anayefaa kila mtu

Wazo bovu namna hii linaishije miaka yote? Kwa sababu linamfaa kila mtu isipokuwa mama na mtoto. Baridi haina mwenyewe. Haikusanyi kodi ya nyumba, haigombei kiti, haina kiwanda. Mtoto akiugua, mkosaji hupatikana papo hapo: mama aliyemtoa nje bila soksi. Hakuna anayemuuliza mwenye ploti kwa nini chumba kina kidirisha kimoja kinachotazama ukuta wa jirani.

Hakuna anayewauliza wakubwa pia. Septemba 2018 mafuta taa yalitwishwa ushuru wa shilingi 18 kwa lita ili wachakachuaji wa dizeli wakome. Wachakachuaji sijui, lakini mwenye stovu alirudi kwenye mkebe wa makaa. Julai 2021 gesi ya kupikia ikatozwa VAT ya asilimia 16, mwaka uliofuata ikashushwa hadi 8, na 2023 ikaondolewa. Miaka miwili ya kodi juu ya kitu kimoja ambacho kingeutoa moshi kwenye chumba cha kulala watoto, na sikusikia mtu akiihesabu kuwa sera ya mapafu.

Makongeni ilijengwa wakati wa ukoloni kwa ajili ya wafanyakazi wa reli, enzi ambazo makazi mengi ya Waafrika Nairobi yalipimwa kwa mwanamume aliyeiacha familia kijijini. Familia zikaja, kuta zikabaki pale pale. Mwishoni mwa 2025 nyumba hizo zilianza kubomolewa kupisha mradi wa nyumba za bei nafuu. Mabishano yamekuwa ya fidia, nani atapewa funguo na kwa bei gani, na ni haki yao kubishana. Ila ningependa mtu mmoja aulize hewa itaingia wapi na kutokea wapi, jiko litakaa umbali gani na kitanda, na kama upepo unaweza kupita kutoka upande mmoja hadi wa pili. Ghorofa jipya lililozibika vizuri litatuua kwa ustadi kuliko mlango mbovu wa zamani.

7. "Na wezi je?"

Najua nitaulizwa. Dirisha likiachwa wazi mtaani, asubuhi utakuta pazia tu. Sawa, lifunge. Tundu la juu ya dirisha halipitishi mwizi. Litie wavu wa mbu na uliache. Fungua dirisha na mlango asubuhi na tena wakati wa kupika, hapo nyote mko macho. Jiko liwashwe na kuzimwa nje. Anayeona baridi usiku aongeze blanketi, ambalo halijawahi kumtilia mtu sumu damuni. Na mtoto apate chanjo zake za wiki ya 6, ya 10 na ya 14.

Nitaulizwa pia: unatwambia tufungue madirisha, na ng'ambo ya reli kuna Viwandani na mabomba yake ya moshi, huku Jogoo Road inanguruma? Hili ndilo pingamizi la maana kuliko yote. Hewa ya nje Eastlands si safi. Hata hivyo chumba kilichozibwa chenye makaa huwa kibaya kuliko barabara, kwani barabarani upepo huchanganya na kupeleka mbali. Na mwenye kulalamikia moshi wa kiwanda ana pa kwenda, jambo ambalo mwenye kuilalamikia Julai hana. Kanuni za Ubora wa Hewa zilitungwa 2014, NEMA, mamlaka ya mazingira, ina ofisi Nairobi, na bomba la moshi haliwezi kujificha. Mkutano ujao wa mtaa, badala ya kuwasema kina mama kuhusu soksi, iandikieni NEMA barua.